Jinsi ya kuunda kigeuzi cha sauti na rangi: mwongozo kwa mafundi wa Mtwara na Lindi

Kigeuzi ninachokieleza hapa hakiuzwi dukani. Ni kidude cha kushika mkononi chenye kazi mbili. Ukikiimbia, kinawaka rangi inayolingana na sauti uliyotoa. Ukikisogeza juu ya kitambaa, tunda au picha, kinaitamka ile rangi kwa sauti. Vipande vyote vya kukiunda vipo sokoni, hesabu zake zinajulikana, na kijana wa kidato cha tatu mwenye subira anaziweza. Kazi iliyobaki ni kuvikusanya mahali pamoja na kuamua sauti ipi iwe rangi ipi.

Taa zinazochezacheza kwa muziki tumezizoea kwenye kumbi za harusi na kwenye spika za vijana. Zile ni mapambo. Mtu asiyesikia hawezi kuzitazama akajua umeimbwa wimbo gani. Kigeuzi kina sharti moja ambalo taa zile hazina: kilichokwenda lazima kirudi. Sauti ikigeuzwa rangi, rangi hiyo ikisomwa upya itoe sauti ileile. Ukilishika sharti hili, maamuzi mengine yote yanakuwa mepesi.

Naandika nikiwafikiria watu wawili. Wa kwanza ni binti wa shangazi yangu, Mikindani, ambaye ni kiziwi na anapenda ngoma kuliko wengi wetu tunaosikia. Wa pili ni bibi yangu wa Newala. Macho yake yamekwisha, lakini kanga zake bado anataka kuzijua moja moja bila kumuuliza mjukuu.

Hatua ya 1: Andika jedwali kabla ya kununua chochote

Wengi wakisikia habari hii hukimbilia kuuliza bei ya bodi. Tulia kwanza. Chukua daftari uandike jedwali la noti na rangi zake, maana kifaa kizima kinasimama juu yake.

Kuna watakaokwambia kila sauti ina rangi yake ya asili, na hesabu yao ni hii. Noti ya La inayotumika kupangia ala za muziki ni mitikisiko 440 kwa sekunde, yaani hezi 440. Zidisha kwa mbili, unapata La ya juu yake, na umbali huo mmoja unaitwa oktava. Endelea kuzidisha kwa mbili mpaka mara 40, utafika kwenye trilioni 484 hivi, na mwanga wenye mitikisiko hiyo ni rangi ya chungwa inayoelekea nyekundu. Hesabu ni sahihi. Tatizo ni kwamba sauti ni msukumo wa hewa, na mwanga hauhitaji hewa. Tena sikio la binadamu hupokea karibu oktava kumi, kuanzia hezi 20 hadi 20,000, ilhali jicho hupokea mwanga wa oktava moja tu, nayo haitimii. Kumi haziingii ndani ya moja kwa kuzidisha. Kwa hiyo jedwali ni makubaliano ya watu, na wewe una haki ya kukubaliana na wenzako.

Hata wakubwa wa zamani walichagua tu. Isaac Newton, mwaka 1704, aliugawa upinde wa mvua kwa rangi saba akizilinganisha na hatua za ngazi ya muziki. Mtunzi wa Urusi, Alexander Scriabin, mwaka 1910 aliiandikia okestra sehemu nzima ya taa za rangi, akaziweka rangi jirani kwenye noti zinazopatana: Do nyekundu, So chungwa, Re njano, na kuendelea hivyo.

Mimi nachagua njia iliyonyooka zaidi. Duara la rangi lina nyuzi 360, oktava ina hatua ndogo 12 ziitwazo nusu-sauti, kwa hiyo kila nusu-sauti inachukua nyuzi 30. Do ni nyekundu kwenye nyuzi 0, Re njano kwenye 60, Mi kijani kwenye 120, Fa kijani cha bahari kwenye 150, So buluu kwenye 210, La zambarau kwenye 270, Si waridi iliyokolea kwenye 330. Ukifika Do ya juu duara limezunguka, umerudi kwenye nyekundu, na ndivyo inavyopaswa kuwa, kwa sababu Do ya chini na Do ya juu masikioni ni ndugu.

Sababu yangu ya kuuacha mpangilio wa Scriabin ni sauti zetu wenyewe. Msomaji wa kaswida, mama anayebembeleza mtoto, muadhini wa alfajiri, hawarukiruki kutoka noti hadi noti. Sauti zao huteleza. Kwenye duara lililonyooka, sauti ikipanda kutoka Do kwenda Re, mtoto kiziwi anaona nyekundu ikigeuka chungwa taratibu kisha ikaingia njano. Anaiona sauti ikipanda. Kwenye mpangilio wa Scriabin angeona rangi zikiruka huku na huko bila yeye kujua sababu.

Anza na noti tano tu: Do, Re, Mi, So, La. Nyekundu, njano, kijani, buluu, zambarau. Hizi hata mtoto wa chekechea anazitenganisha, na sensa, yaani kijicho cha kusomea rangi, ikikosea kidogo bado itaangukia kwenye noti inayopatana na wenzake. Nusu-sauti zote 12 zinaweza kusubiri mpaka kifaa kizoeleke.

Hatua ya 2: Gawa sifa tatu kwa sifa tatu

Hapa ndipo kigeuzi kinapopata uwezo wa kurudi. Sauti yenye noti ina mambo matatu unayoweza kuyapima kirahisi: jina la noti, oktava iliyomo, na ukubwa wake. Rangi nayo ina matatu: aina yake, ukolevu wake, na mng'ao wake. Ziunganishe moja kwa moja. Jina la noti liwe aina ya rangi. Oktava iwe ukolevu: ya chini ikolee kabisa, ya kati ipauke kiasi, ya juu ipauke zaidi. Ukubwa wa sauti uwe mng'ao.

Sasa tazama kinachotokea ukirudi upande wa pili. Nyekundu iliyokolea yenye giza, ile ya damu ya mzee, inatoka kama Do ya chini kwa sauti ndogo. Waridi angavu inatoka kama Do ya juu kwa sauti kubwa. Nyeusi haina mwanga, kwa hiyo ni kimya. Nyeupe ina mwanga lakini haina aina ya rangi, kwa hiyo inatoka kama mvumo usio na noti, "shhh", mfano wa mvua juu ya bati. Na mvua yenyewe ikinyesha juu ya bati, kigeuzi kinawaka nyeupe. Kofi, kikohozi, mchi ndani ya kinu, vyote ni nyeupe. Pande zote mbili zinakubaliana bila kulazimisha.

Kitu kimoja kinapotea njiani, nacho ni sifa inayokuwezesha kutofautisha filimbi na sauti ya dada yako hata wakitoa noti moja. Rangi haina nafasi ya nne ya kukihifadhi. Mwambie mtumiaji wako hivyo mapema.

Hatua ya 3: Tafuta vifaa

Bodi ya ESP32, kompyuta ndogo ya kuendeshea kifaa, ndiyo ninayoipendekeza. Arduino Uno watu wanaipenda, na ni nzuri kwa kujifunzia, lakini ile iliyozoeleka, ya R3, kumbukumbu yake ya kufanyia kazi ni kilobaiti 2 tu, na sampuli za sauti tutakazozihitaji, yaani vipimo vidogo vidogo vya wimbi, haziingii humo. ESP32 ina kilobaiti 520 na mwendo wa megahezi 240.

Mbali na bodi utahitaji maiki ya kidijitali ya INMP441, sensa ya rangi ya TCS34725, pete ya taa 16 za LED aina ya WS2812B, amplifaya ndogo ya MAX98357A pamoja na spika ya wati 3, swichi ya kugeuza upande, rezista ya ohm 470, kapasita ya mikrofaradi 1000, waya, na pawa benki. Usinunue sensa ya rangi isiyo na kichujio cha mwanga usioonekana wa infraredi. Vitambaa vingi hurudisha mwanga huo kwa wingi, na bila kichujio kanga nyeusi inaweza kusomeka kama nyekundu nzito.

Mara nyingi vitu hivi utaviagiza Kariakoo vije kwa basi. Agiza mapema kabla ya masika, kwani barabara ya kusini ikikatika hakuna njia fupi nyingine; Mei 2024, baada ya Kimbunga Hidaya, maji yaliikata maeneo ya Somanga na mizigo yote ikasimama. Ukiweza, agiza maiki mbili. Ndiyo inayoharibika kwa urahisi wakati wa kulehemu, kwa sababu kitundu chake kikiingia moshi wa risasi kinaziba.

Hatua ya 4: Unganisha

Maiki na sensa ya rangi zipe volti 3.3 kutoka kwenye bodi. Pete ya taa na amplifaya zipe volti 5 kutoka kwenye pawa benki. Waya wa chini, yaani GND, wa kila kipande uungane na wenzake. Hili likikosekana utaona taa zinawaka ovyo na hutajua kwa nini.

Maiki: SCK kwenye pini 14, WS kwenye 33, SD kwenye 32, na L/R kwenye GND. Amplifaya: BCLK kwenye 26, LRC kwenye 25, DIN kwenye 27. Sensa: SDA kwenye 21, SCL kwenye 22, na pini yake ya LED kwenye 18 ili uweze kuizima taa yake ndogo. Pete ya taa: waya wa data kwenye pini 4 kupitia rezista ya ohm 470. Kapasita ikae kwenye njia ya umeme wa pete, mguu wa hasi upande wa GND. Swichi: mguu mmoja pini 13, mwingine GND.

Kila taa ya LED ikiwaka nyeupe kamili inaweza kula miliampia 60. Taa 16 ni karibu ampia 1. Chaja au pawa benki ya ampia 2 inatosha na inabaki. Usiipe pete umeme kutoka kwenye pini ya volti 3.3; utaichosha bodi, na rangi zitafifia kuelekea nyekundu hata kama programu yako haina kosa.

Kuna jambo la kukumbuka kuhusu data: bodi inatuma kwa volti 3.3 na taa zinatarajia 5. Waya ukiwa mfupi, wa urefu wa kidole, kwa kawaida zinaelewana. Zikianza kumetameta, weka katikati kipande cha 74AHCT125, kinachopandisha data hiyo hadi volti 5.

Hatua ya 5: Upande wa kusikia

Weka maiki ichukue sampuli 16,000 kwa sekunde. Kwa kasi hiyo unaweza kupima sauti hadi hezi 8,000, na sauti ya mtu anayeimba haihitaji zaidi. Kisha chukua sampuli 2,048 kwa mkupuo na uzifanyie hesabu ya Fourier, ile inayochukua wimbi lililochanganyikana na kukwambia ndani yake kuna mitikisiko ipi na kwa kiasi gani. Njia yake ya haraka, iliyotangazwa na Cooley na Tukey mwaka 1965, ndiyo iliyomo kwenye maktaba za programu utakazopakua.

Kwa nini 2,048? Gawanya 16,000 kwa 2,048, unapata hezi 7.8. Hiyo ndiyo tofauti ndogo kabisa ambayo mkupuo huo unaweza kuiona. Na kati ya Do ya hezi 131 na nusu-sauti inayofuata kuna hezi 7.8 hivihivi. Ukichukua mkupuo mdogo zaidi, sauti nene za wanaume zitachanganyikana. Ukichukua mkubwa zaidi, rangi itachelewa. Mkupuo wa 2,048 unachukua milisekunde 128, na kwa wimbo wa polepole jicho linavumilia.

Usiridhike na kuchukua kilele kirefu kuliko vyote ukasema ndiyo noti. Koo la binadamu hutoa noti pamoja na watoto wake wa juu, na mara nyingi mtoto ana nguvu kuliko mama. Mtoto wa kwanza yuko oktava moja juu, kwa hiyo rangi haibadiliki, inapauka tu. Wa pili ndiye mharibifu: yuko kwenye noti nyingine kabisa, Do ikakuletea buluu ya So. Dawa yake ni kulilinganisha wimbi na nafsi yake. Lisogeze mbele kidogo kidogo mpaka lilingane na lilivyokuwa. Umbali uliolisogeza ndio urefu wa mtikisiko mmoja, na hapo unapata noti ya mama. Tumia njia hii kupata noti, na hesabu ya Fourier iache ikuambie kama kuna noti yoyote au ni mvumo mtupu.

Ukishapata hezi, tafuta namba ya noti: gawanya hezi kwa 440, chukua logi ya msingi wa 2, zidisha kwa 12, ongeza 69. Gawanya namba hiyo kwa 12, kinachobaki zidisha kwa 30. Hizo ndizo nyuzi za rangi. La ya 440 ni namba 69. Ukigawanya kwa 12 inabaki 9. 9 mara 30 ni 270, zambarau. Usizikadirie desimali kuwa namba kamili kwenye upande huu. Desimali ndizo zinazoifanya rangi iteleze pamoja na sauti.

Kwa ukubwa wa sauti, tumia desibeli. Sauti ambayo sikio linaiona kama imeongezeka mara mbili, kwenye kipimo imepanda desibeli 10 hivi. Jicho nalo lina tabia kama hiyo, kwa hiyo mng'ao unaotuma kwenye taa uupitishe kwenye kipeo cha 2.2, la sivyo rangi zote za sauti kubwa zitaonekana karibu sawa.

Hatua ya 6: Upande wa kuona

Sensa ya rangi inahitaji giza lake yenyewe. Kata kipande cha bomba la plastiki chenye urefu wa sentimita moja, kipake rangi nyeusi ndani, kizungushie sensa ili kikigusa kitambaa mwanga wa nje usiingie. Taa nyeupe ya sensa ndiyo pekee itakayomulika. Jua la saa sita la Shangani likipenya hata kwa upenyo mdogo linaizidi taa hiyo mara nyingi.

Mpe sensa milisekunde 50 kwa kila usomaji, upate rangi 20 kwa sekunde. Kabla ya kitu kingine, isomeshe karatasi nyeupe safi, kisha kitambaa cheusi. Kila usomaji utakaofuata, toa namba za cheusi, halafu gawanya kwa namba za nyeupe. Bila hatua hii rangi moja itapendelewa na nyingine itadhulumiwa.

Kisha tafuta sampuli. Msimu wa korosho ukifika, hakuna sampuli nzuri kuliko mabibo: chukua jekundu, chukua la njano, na jani bichi la mkorosho. Tayari una Do, Re na Mi. Buluu na zambarau zitoe kwenye vitenge. Soma kila moja sehemu kadhaa, andika nyuzi zilizotoka, na urekebishe jedwali la sensa mpaka kila moja iangukie noti yake. Sensa hizi huona rangi zikiwa zimepauka kuliko jicho linavyoona, kwa hiyo ukolevu utabidi uuzidishe. Mabibo yatakuonyesha kwa kiasi gani.

Upande huu ndio unaotakiwa kukadiriwa hadi noti iliyo karibu. Rangi ya kitambaa haitelezi kwa makusudi kama sauti ya mwimbaji. Ikipotoka kidogo ni uchafu au mkunjo, na msikilizaji hahitaji kuusikia.

Kanga ya kisutu ndiyo mtihani wangu. Ina nyekundu, nyeusi na nyeupe tu, na mapambo yake ni madogo na yanajirudia. Itandaze mezani, weka bomba la sensa juu yake, uburute taratibu kwa mwendo mmoja. Nyekundu inatoa Do, nyeusi inanyamaza, nyeupe inavuma. Do, kimya, shhh, kimya, Do. Kufika upana wa kiganja unasikia mdundo wenye mpangilio, na ukiingia kwenye pindo mdundo unabadilika. Bibi hahitaji kuambiwa kuwa ameshika kisutu. Hakuna kanga nyingine iendayo hivyo. Kanga za maua makubwa zinatoa noti ndefu ndefu, na hizo nazo baada ya siku chache mtu anazitambua kila moja kwa wimbo wake.

Mpe mtumiaji muda. Mwanzoni mwa karne iliyopita Edmund Fournier d'Albe alitengeneza mashine ya kuwasomea vipofu herufi kwa kuzigeuza noti, na ilifanya kazi, ila ilidai mazoezi marefu. Rangi tano ni kazi nyepesi kuliko alfabeti nzima, lakini kujifunza kupo palepale. Kaa na bibi, mpe kitambaa kimoja cha rangi moja kwa wakati, mwache ashike kifaa mwenyewe.

Hatua ya 7: Jaribio la kwenda na kurudi

Kifaa hakisikilizi na kutazama kwa wakati mmoja. Kikifanya hivyo, spika itatoa sauti, maiki itaisikia, taa zitabadilika, sensa itazisoma, na mzunguko hautakoma. Swichi ya pini 13 ndiyo inayoamua: upande mmoja ni sikio, mwingine ni jicho.

Kwa jaribio hili tafuta mtu wa pili mwenye kigeuzi, au bodi mbili. Zima taa ya sensa ya kifaa cha pili na uielekeze kwenye pete ya kifaa cha kwanza. Pete inatoa mwanga wake wenyewe, si kama kitambaa kinachorudisha mwanga, kwa hiyo inahitaji vipimo vyake vya nyeupe na nyeusi. Vihifadhi kando na vile vya kitambaa. Imba Do ndefu kwenye cha kwanza. Cha pili kinatakiwa kuimba Do. Panda Re, Mi, So, La. Kisha imba wimbo mzima wa noti tano, mmoja wa zile za utotoni, mtu mwingine akiwa chumba cha pili akisikiliza kifaa cha pili peke yake. Akiutaja wimbo, kigeuzi kimekamilika. Akishindwa, rudi kwenye noti iliyopotea, usirudi kwenye programu nzima. Mara nyingi inayosumbua ni buluu na zambarau, ambazo sensa inaziona karibu sana. Zisukume mbali kidogo kwa mkono ndani ya jedwali.

Umbali wa vifaa viwili hivi unaweza kuongezwa usiku ukitumia lenzi. Alexander Graham Bell alituma sauti ya mtu kwenye mwali wa jua mwaka 1880, kwa hiyo wazo la mwanga kubeba sauti limeshathibitishwa kitambo.

Hatua ya 8: Hali ya ngoma

Sindimba haisomeki kwa jedwali la noti. Mapigo ya ngoma yamejaa mvumo, yanakuja haraka, na kwa hatua ya 5 yote yangewaka nyeupe. Kwa ngoma weka programu ya pili.

Chukua mkupuo mfupi wa sampuli 512, milisekunde 32, kwa sababu hapa wakati una thamani kuliko noti. Gawa sauti mafungu matatu: chini ya hezi 200, kutoka 200 hadi 800, na kutoka 800 hadi 4,000. Fungu la chini liendeshe nyekundu, la kati kijani, la juu buluu. Ngoma kubwa inaleta nyekundu, ndogo zinaleta kijani, na njuga za miguuni zinaleta buluu. Zikigongana kwa pamoja rangi zinachanganyika, na mtoto anayetazama anaanza kujua ni nani kaingia na nani katoka. Kurudi ni rahisi kuliko kwenye noti: sensa nayo husoma nyekundu, kijani na buluu, kila moja iendeshe mlio wake wa hezi 110, 440 na 1,760.

Sasa usalama, na naomba usiruke hapa. Mwanga unaomulika na kuzimika zaidi ya mara tatu kwa sekunde unaweza kumletea degedege mtu mwenye kifafa cha aina hiyo, na nyekundu iliyokolea ndiyo mbaya zaidi. Ngoma zetu zinapita mapigo hayo kwa urahisi. Kwa hiyo pete isizimike kabisa kati ya pigo na pigo. Ipe mng'ao wa kudumu usioshuka chini ya nusu, na badala ya kumulika, kila pigo lisogeze alama angavu taa moja mbele kwenye pete. Mdundo utaonekana kama mwendo wa kuzunguka. Na umuulize mzazi kuhusu kifafa kabla ya kumpa mtoto kifaa.

Mwendo huu una faida nyingine. Wapo watu, wanaume zaidi kuliko wanawake, wasiotofautisha nyekundu na kijani. Kwao mwendo wa alama kwenye pete unaonyesha mdundo hata pale rangi inaposhindwa kusema.

Kwa kiziwi, ongeza na mtikisiko. Evelyn Glennie wa Scotland, mpiga ala za kugonga ambaye ni kiziwi, hupiga bila viatu ili miguu ihisi. Ukikibandika kigeuzi kwenye ubao mwembamba na mtoto akaukanyaga karibu na ngoma, atapata vyote viwili.

Hatua ya 9: Kasha

Hewa ya bahari inakula viungo vya risasi. Ukishahakikisha kila kitu kinafanya kazi, paka rangi ya kucha isiyo na rangi juu ya kila kiungo, ila usiguse kitundu cha maiki wala kioo cha sensa. Juu ya pete weka mfuniko mweupe wa kopo la maziwa ya mtindi ili taa 16 zionekane kama rangi moja.

Kasha lenyewe liwe la mbao nyepesi. Mpingo unavutia, na ni fahari yetu, maana miti ya Kilwa na Lindi hutengenezewa klarineti huko Ulaya. Lakini ni mzito mno kwa mkono wa mzee na bei yake inatosha bodi kadhaa. Mchongaji wa Kimakonde akikukatia kipande kidogo cha kishikio kinatosha. Mwambie achonge mkato mmoja upande wa sikio na mikato miwili upande wa jicho, ili asiyeona ajue kwa kidole swichi imeelekea wapi.

Ndani ya mfuniko bandika jedwali lako lenye tarehe. Ukibadilisha rangi ya noti yoyote, badilisha kwenye kila kigeuzi ulichokwisha kutoa, maana viwili vyenye majedwali tofauti havielewani.

Kwa asiyeona, jedwali liwe la kusikia. Bodi nyingi za ESP32 zina megabaiti 4 za kuhifadhia, na sekunde moja ya sauti kwa sampuli 16,000 ni kilobaiti 32 tu, kwa hiyo majina matano ya rangi yanaingia na nafasi inabaki. Rekodi sauti ya mjukuu akisema "nyekundu", ikifuatiwa na Do; "njano", ikifuatiwa na Re; mpaka La. Iweke itoke swichi ikigeuzwa kwenda na kurudi mara mbili haraka. Rekodi kwa lugha inayozungumzwa nyumbani kwa bibi, iwe Kimakonde, Kimwera au Kiyao.